Tovuti za Pemba na kipimo cha kamusi elezo

Tovuti ya habari inayosomwa kila asubuhi kuanzia Micheweni hadi Mkoani inaweza kukosa makala katika Wikipedia, na tovuti ambayo Wapemba wengi hawajawahi kuifungua ikaipata. Anayekesha akiendesha ile ya kwanza ana haki ya kuuliza kwa nini. Jibu lipo, na ni jibu zuri. Kasoro iko katika namna kipimo chenyewe kinavyotumiwa kwa sehemu kama Pemba.

Kipimo ni hiki. Kamusi elezo haihesabu wasomaji wala wafuasi. Inauliza kama watu wasiohusika na tovuti hiyo wameiandikia kwa kina, katika vyombo vya kuaminika, zaidi ya mara moja. Yale ambayo tovuti imejiandikia hayaingii, wala tangazo la kulipiwa, wala sifa kutoka kwa mshirika wake wa biashara. Waswahili walishasema zamani kwamba mwamba ngoma huvutia kwake, na hakuna kanuni ya uhariri iliyowahi kulieleza jambo hili vizuri zaidi.

JamiiForums ya Tanzania inavuka kipimo hicho bila ubishi. Ilianzishwa mwaka 2006 na Maxence Melo na Mike Mushi. Desemba 2016 Melo alikamatwa, akafikishwa Mahakama ya Kisutu jijini Dar es Salaam, akishtakiwa kuzuia uchunguzi wa polisi kwa kutotoa taarifa za watumiaji wake, na pia kuendesha tovuti isiyosajiliwa kwa kikoa cha .tz. Juni 2018 mtandao huo ulisitisha huduma kwa muda baada ya kanuni mpya za maudhui ya mtandaoni kudai leseni. Mwaka 2019 Kamati ya Kulinda Wanahabari, yenye makao New York, ilimpa Melo tuzo yake ya kimataifa. Anayetaka kuandika makala ya JamiiForums hahitaji kumpigia simu mwenyewe hata mara moja: tarehe zipo, mashtaka yapo, na lawama za wapinzani wake zipo. Hiyo ndiyo faida ya kipimo. Makala hujengwa bila mkono wa mwenye mali.

Lakini wapimaji nao hukosea, na Kenya ina mfano wake. Machi 2010 kundi la Just A Band la Nairobi lilitoa video ya wimbo wa Ha-He, na mhusika wake, Makmende, akageuka gumzo la mitandaoni nchini kote. Makala yake katika Wikipedia ya Kiingereza ilifutwa zaidi ya mara moja na wahariri ambao hawakuwahi kumsikia. Baada ya vyombo vikubwa vya Marekani, likiwemo gazeti la Wall Street Journal, kuandika habari zake, makala ikabaki. Mtafiti Heather Ford alilichambua sakata hilo mwaka 2011. Wakenya walikuwa wanajua walichokuwa wakikisema tangu siku ya kwanza. Ni dhuluma ushahidi wa Nairobi kungoja muhuri wa New York, na Wikipedia ya Kiswahili, iliyoanza mwaka 2003 na sasa ina makala zaidi ya 80,000, haina sababu yoyote ya kuirithi tabia hiyo.

Kosa jingine ni kuchanganya tovuti na mwenye tovuti. Wawi, nje kidogo ya Chake Chake, ipo Maabara ya Afya ya Jamii ya Ivo de Carneri, iliyofunguliwa mwaka 2000. Januari 2006 jarida la tiba la The Lancet lilichapisha utafiti uliofanyika Pemba, maabara hiyo ikishiriki, kwa watoto zaidi ya 20,000 walio chini ya miaka mitatu. Ulionyesha kwamba kumpa kila mtoto madini ya chuma pamoja na asidi foliki, bila kupima nani anayahitaji, katika sehemu yenye malaria nyingi, huongeza hatari ya kulazwa na ya kufa. Shirika la Afya Duniani likaurekebisha ushauri wake, na wataalamu wa nchi nyingine wakaujadili utafiti huo kwa miaka. Maabara inastahili makala. Tovuti yake haistahili: ni kibao cha mlangoni tu, na hakuna aibu katika hilo.

Tabu inawakuta wale ambao kazi yao yote iko mtandaoni. Nani atawaandikia? Zanzibar Leo ni gazeti la Serikali. Dira, gazeti la binafsi, lilifungiwa Novemba 2003 baada ya takriban mwaka mmoja tu wa kuchapishwa. Redio Jamii Micheweni hutangaza, lakini kipindi kisichohifadhiwa hakiwezi kukaguliwa na mtu wa kesho. Mwaka 2011 Achal Prabhala wa India aliongoza jaribio la kutumia simulizi zilizorekodiwa kuwa vyanzo vya Wikipedia, huko India na Afrika Kusini. Jaribio kama hilo lingeifaa sana Pemba, kisiwa ambacho mambo yake mengi yamo vinywani mwa wazee kuliko vitabuni.

Hata hivyo kipimo kisilegezwe. Kikilegezwa kwa huruma, watakaonufaika kwanza ni wauza bidhaa na wanasiasa wenye kurasa za kujisifu, si kijana wa Wete anayeandika bei ya karafuu na kero za bandari kwa simu yake. Tovuti isiyotimiza masharti leo itajwe kwa aya moja ndani ya makala ya vyombo vya habari vya Zanzibar, mpaka vyanzo vitakapopatikana.

Na vyanzo hivyo vitatoka kwa wenyeji. Wahariri wa magazeti, watangazaji wa redio na walimu wa vyuo, ziandikieni tovuti za Pemba kama mnavyoyaandikia mashirika mengine: nani aliianzisha, mwaka gani, nani anailipia, ilikosea wapi, ilifichua nini. Tieni tarehe na jina la mwandishi, hifadhini rekodi za vipindi mahali zinapoweza kufikiwa, na msingoje mgeni aje kuifanya kazi hiyo.