FUNDI NA DAFTARI LA MWENYE MRADI

Hakuna neno limvunjalo moyo fundi kuliko kuambiwa, baada ya kufunga paa na kusawazisha sakafu: "Fedha za mradi zimekwisha." Hapo wengi husema kwa hasira: "Basi nitawashtaki wanionyeshe hesabu!" Twawaambia ndugu zetu wa kazi kwamba hasira hiyo ni ya haki, lakini mara nyingi hugonga mlango usio wake.

Tumfikirie fundi wa Endasak, wilayani Hanang, aliyepewa kujenga darasa kwa njia ya fosi akaunti, ile iliyotumika mwaka 2021 yalipojengwa madarasa 15,000 nchini. Kamati za shule hununua saruji, mabati na nondo. Fundi huuza ufundi wake kwa bei iliyoandikwa. Huyo si mshirika wa shule. Hakuahidiwa fungu la faida, wala hakuikabidhi kamati fedha zake imtunzie. Ameahidiwa kiasi fulani kwa kazi fulani, na kazi ikipokelewa, kiasi hicho ni deni. Kama saruji ilinunuliwa ghali, au fedha zilipotea njiani, hayo ni mambo ya kamati. Hayapunguzi deni hata senti moja. Fundi akidai hesabu amejitwisha kazi ya kuchambua daftari la mwingine, na amempa mdaiwa nafasi ya kumjibu kwa stakabadhi badala ya malipo. Na adai fedha yake.

Ni lini basi mkandarasi aweza kushtaki ili apewe hesabu? Sheria ya Mikataba, iliyotungwa Tanganyika mwaka 1961 kwa kufuata ile ya Uhindi ya mwaka 1872, yamlazimisha wakala kumtolea hesabu aliyemtuma. Washirika wa biashara nao wana wajibu huo wao kwa wao. Kwa hiyo mkandarasi aliyeungana na mwenye mradi wa mashine ya kusaga ili wagawane faida, ana haki ya kutaka daftari lifunguliwe, kwani bila hilo hajui anachodai. Nayo Sheria ya Mwenendo wa Mashauri ya Madai ya mwaka 1966 yairuhusu mahakama kuamuru kwanza hesabu ifanywe, ndipo itoe hukumu ya mwisho.

Kipimo ni hiki: ukikijua kiasi chako, dai deni. Usipokijua, na kitabu kikiwa mikononi mwa mtu mwenye wajibu wa kukuonyesha, dai hesabu.

Fedha za umma zina mlango mwingine, ambao fundi hupita kwa uraia wake. Sheria ya Kupata Taarifa ya mwaka 2016 yampa haki ya kuomba habari na kujibiwa ndani ya siku 30. Tena Mkutano Mkuu wa Kijiji wapaswa kukutana kila miezi 3, na hapo mapato na matumizi husomwa mbele ya wote.

Hatuwafichi wasomaji kwamba njia ya mahakama ni ndefu. Tangu marekebisho ya mwaka 2020, anayeishtaki halmashauri hutoa kwanza notisi ya siku 90, humwunganisha Mwanasheria Mkuu wa Serikali, na shauri huenda Mahakama Kuu. Kwa mtu anayedai ujira wa darasa moja, mzigo huo ni mkubwa mno. Ndiyo sababu twawaambia viongozi: fedha ya fundi itengwe kabla ya jiwe la kwanza kuwekwa, isiguswe kwa lolote.

Nawe fundi, usishike mwiko kabla ya mkataba kutiwa saini. Kila hatua ipimwe na kupokelewa kwa maandishi. Wala usilale, kwa maana dai la mkataba hufa baada ya miaka 6. Wazee walisema mali bila daftari hupotea bila habari. Neno hilo halikusemwa kwa mwenye mradi peke yake.