Snura alistahili kusifiwa zaidi

Ndugu mwandishi, katika makala yako Snura Mushi umempitia haraka mno. Alianza kwenye filamu za Bongo, akaingia kwenye muziki na kuvuma kwa wimbo "Majanga" mwaka 2013, na nchi nzima ikaimba. Uigizaji ulimsaidia: alijua kumiliki jukwaa na kusimulia kisa kwa uso na mwili. Mei 2016 serikali ilipofungia video ya wimbo wake "Chura" na kumsimamisha kufanya maonyesho hadi ajisajili Baraza la Sanaa la Taifa (BASATA), wengi walicheka. Mimi niliumia, kwa sababu msanii wa kike huhukumiwa haraka kuliko wa kiume.

Hata huku kwetu Tarime na Serengeti wanawake hawapewi nafasi sawa katika muziki. Tuna ritungu la Wakurya, ala ya nyuzi nane yenye mngurumo mzito unaoweza kusimama na gitaa lolote la bluzi. Tumezoea kuliona mikononi mwa wanaume, dada zetu wakiimba na kucheza pembeni. Maofisa utamaduni wa wilaya zote mbili, wafundisheni mabinti kulipiga, na wasajilini BASATA mapema. Wazazi nanyi, msiwazuie. Vipaji vipo, kinachokosekana ni nafasi.