Saikati na Swali la Hiari

Imekuwa ada katika mijadala yetu kwamba binti akiwakaidi wazazi katika kazi ya fasihi, mhakiki huandika "mgongano wa ukale na usasa" kisha akaweka kalamu chini. Ndivyo afanyiwavyo Tatu wa Wakati Ukuta, tamthilia ya Ebrahim Hussein. Maoni yangu ni kuwa kauli hiyo imechakaa, na filamu ya Saikati inadhihirisha sababu.

Filamu hiyo iliongozwa na Anne Mungai mwaka 1992. Saikati ni msichana wa Kimaasai kutoka Maasai Mara, katika Narok, jirani zetu wa hapa Nakuru. Anatamani kuwa daktari, ilhali jamaa zake wanataka aolewe na mwana wa chifu. Anakimbilia Nairobi pamoja na binamu yake Monica, na huko anagundua kwamba Monica hujikimu kwa kuuza mwili.

Hapo ndipo kauli yetu inapovunjika. Ikiwa kijiji ni ukale na jiji ni usasa, mbona kote kuwili msichana amewekewa bei? Aidha, udaktari anaoutamani hauwakani jamaa zake, kwani daktari huitibu jamii iliyomlea. Saikati haukimbii wajibu. Anakataa kuchaguliwa wajibu huo na wengine.

Suala hili halituhusu sisi peke yetu. Katika Banshun, filamu ya Kijapani ya mwaka 1949, Yasujiro Ozu anamsawiri baba mjane anayemwongopea bintiye kwamba yeye mwenyewe ataoa tena, ili binti aache kumtunza na akubali kuolewa. Baba huyo si dhalimu, anampenda mwanawe. Hata hivyo, ameamua kwa niaba yake.

Ibara ya 45 ya Katiba ya Kenya ya 2010 inataka ndoa isimame juu ya hiari ya wanaooana. Lakini sheria haiingii jikoni mama anapomlilia bintiye akubali. Fasihi huingia. Wengi wetu tutafundisha katika shule za bonde hili, mbele ya wasichana ambao huenda wamo katika hali ya Saikati. Tusiwaambie wachague baina ya mzazi na nafsi. Tuwafunze kuuliza: ni nani aliyeamua, na kwa faida ya nani?