Maneno na Maana Yake: "Gavelkind", au Mirathi ya Watu wa Kent

Msomaji wa vitabu vya zamani vya Kiingereza, hasa vile vya sheria na historia, mara nyingine hukutana na neno ambalo hata Mwingereza mwenyewe akiulizwa hutikisa kichwa. Neno la safari hii ni la namna hiyo. Huandikwa gavelkind, na hutamkwa kama mtu asemaye "gavel-kaind". Katika barua za ofisini halimo, na sokoni mjini London halisikiki. Lakini kwa muda wa miaka mamia neno hilo liliamua nani atalima na nani atakosa pa kulima. Kwa hiyo mkulima yeyote mwenye wana wengi na eka chache hatapoteza wakati akijifunza maana yake.

Kwanza yafaa kuondoa makosa mawili. Kosa la kwanza ni kudhani kwamba neno hili lina ujamaa na ile nyundo ndogo ya mnadi, ambayo Kiingereza huiita gavel. Jina hilo la nyundo lilitokea Marekani, nalo ni neno jingine kabisa. Kosa la pili ni la wataalamu wa zamani wenyewe. Baadhi yao waliligeuza neno hili kuwa maneno matatu ya Kiingereza yenye maana ya "wape jamaa wote," wakaona kwamba fumbo limefumbuliwa. Maelezo hayo yanapendeza masikioni, lakini si ya kweli. Mwaka 1660 mtaalamu wa Kent aliyeitwa William Somner alitoa kitabu kizima juu ya neno hili, akaonyesha kwamba asili yake ni gafol, neno la Kiingereza cha kale lililokuwa na maana ya kodi au ushuru. Sehemu ya pili, kind, ni jinsi au aina. Basi gavelkind ni "ardhi ya aina ile inayolipiwa kodi."

Msomaji atauliza: kodi na mirathi vina uhusiano gani? Vina uhusiano mkubwa. Katika sehemu nyingi za Uingereza, baada ya Mfalme William kuiteka nchi mwaka 1066, ardhi nyingi ilishikwa kwa utumishi wa vita. Mwenye ardhi hakumlipa bwana wake fedha, bali alimtolea askari wa farasi wakati wa vita. Askari hawezi kukatwa vipande vinne. Kwa hiyo mabwana walitaka shamba zima liende kwa mtu mmoja, na sheria ikamchagua kifungua mimba. Wadogo zake walitoka mikono mitupu, wakaenda kutafuta maisha jeshini, kanisani au katika biashara. Lakini katika jimbo la Kent, lililo upande wa kusini mashariki ya London, ardhi nyingi ilishikwa kwa kodi. Na kodi, tofauti na askari, yaweza kugawanywa. Hivyo desturi ya kuwagawia wana wote sawasawa iliendelea kuishi huko wakati ilipokuwa ikififia kwingineko.

Watu wa Kent wenyewe walipenda kusimulia habari nyingine. Walisema kwamba babu zao walimwendea Mfalme William wakiwa wamejifunika matawi ya miti, hata akadhani msitu unatembea. Naye akawaachia desturi zao kwa amani. Hadithi hii ni nzuri, lakini wanahistoria huihesabu kuwa hadithi tu.

Maana za neno hili, basi, ni tatu. Maana ya kwanza ni namna ya kushika ardhi kwa kulipa kodi. Maana ya pili, iliyo maarufu zaidi, ni desturi ya Kent ya kugawa ardhi ya marehemu sawasawa kwa wanawe wote wa kiume. Maana ya tatu ni pana: mawakili walilitumia neno hili kwa desturi yoyote ya kugawa mirathi baina ya ndugu, hata za nchi nyingine kama Wales na Ireland.

Desturi yenyewe ilikuwa na vifungu vilivyopangwa kwa akili. Baba akifa bila wasia, wanawe walipata mafungu yaliyo sawa. Kama mwana mmoja alikwisha kufa, watoto wake walisimama mahali pake. Mwana mkubwa alichagua fungu kwanza, lakini mahali pa meko, yaani moyo wa nyumba, paliachiwa kitinda mimba. Binti walirithi ikiwa hakuna mwana wa kiume. Katika jambo hilo Kent haikuwa bora kuliko majimbo mengine.

Mjane alipata haki kubwa kuliko wajane wa kwingineko. Sheria ya nchi ilimpa mjane theluthi ya ardhi ya mumewe maishani mwake. Desturi ya Kent ilimpa nusu, maadamu hakuolewa tena. Mume aliyefiwa na mke naye alipata nusu ya ardhi ya mkewe kwa sharti lile lile.

Yatima alilindwa kwa kanuni ambayo yastahili kuandikwa ukutani katika kila baraza. Mtunzaji wa mali yake alichaguliwa katika jamaa wa karibu, lakini ilipasa awe jamaa asiyeweza kuirithi ardhi ile. Sababu yake ni wazi. Mtu atakayenufaika mtoto akifa si mtu wa kukabidhiwa mtoto. Yatima alipotimiza miaka 15 alikabidhiwa ardhi yake, na mtunzaji akatoa hesabu. Katika umri huo huo kijana aliweza hata kuiuza.

Tena kulikuwa na kifungu kilichowafanya watu wa Kent wajisifu. Mahali pengine mtu aliyenyongwa kwa kosa kubwa, kama kuua au kuiba, alipoteza ardhi yake pia, ikamrudia bwana wa ardhi. Watoto wakaadhibiwa kwa dhambi ya baba. Kent walikuwa na msemo wao wenye vina, na maana yake ni kwamba baba huenda mtini na mwana huenda kwenye plau. Kosa la baba halikumnyang'anya mwana shamba, isipokuwa kosa hilo lilikuwa uhaini, au mkosaji alitoroka asihukumiwe.

Hata hivyo, kila mkulima atakayefanya hesabu ataiona hatari iliyomo. Tuseme mtu ana eka 24 na wana wanne. Kila mmoja atapata eka 6. Kila mwana naye akizaa wana wanne, kila mjukuu atapata eka moja na nusu. Na vitukuu, mambo yakiwa vile vile, watapata chini ya nusu eka kila mmoja. Haki iliyotendeka kwa uzao wa kwanza yaweza kuwa njaa kwa uzao wa tatu. Watu wa Kent waliliona jambo hili. Wako ndugu waliolima pamoja bila kugawa. Wako waliouziana mafungu, mmoja akabaki na shamba na wengine wakachukua fedha. Vile vile mwenye ardhi ya gavelkind aliruhusiwa kuandika wasia na kumwachia amtakaye, tangu zamani kabla sheria ya mwaka 1540 haijawapa Waingereza wengine ruhusa hiyo. Kwa hiyo desturi ilimhukumu hasa yule aliyekufa bila kusema neno. Matajiri nao hawakungoja: mwaka 1539 baadhi ya waungwana wa Kent walipata sheria ya Bunge ya kuzitoa ardhi zao katika gavelkind ili zisigawanyike.

Kisha neno hili lilivuka bahari, na huko likapata sura nyingine. Nchini Ireland mawakili wa Kiingereza waliikuta desturi ya ukoo kugawana ardhi, wakaiita gavelkind ingawa haikufanana sana na ya Kent. Mwaka 1606 mahakimu mjini Dublin waliitangaza kuwa desturi batili, na tangu hapo ardhi ya Ireland ilipaswa kurithiwa kwa sheria ya Kiingereza. Lakini mwaka 1704 desturi ile ile ya kugawa ililetwa tena kwa amri, safari hii juu ya Wakatoliki peke yao. Mkatoliki akifa, ardhi yake ilipaswa kukatwa sawasawa kwa wanawe wote. Lakini kifungua mimba akikubali kuingia Kanisa la serikali, alipata yote. Walioitunga sheria hiyo hawakuwa wakiwahurumia wana wadogo. Walitaka mashamba ya Wakatoliki yawe vipande visivyo na nguvu, na ndugu wa nyumba moja watazamane kwa mashaka. Sharti hilo la kugawa liliondolewa mwaka 1778. Katika Kent kugawa sawasawa kulikuwa desturi ya wenyeji kwa faida yao. Katika Ireland kulikuwa silaha mkononi mwa mwingine. Neno ni moja, kisu ni kimoja. Lakini kisu cha kukatia mkate na kisu cha kujeruhi hutofautiana kwa mkono unaokishika.

Mwisho wa gavelkind ulikuja kwa sheria za Bunge za miaka ya 1922 na 1925, zilizoanza kutumika tarehe 1 Januari, 1926. Siku hiyo desturi ya Kent ilifutwa, lakini vile vile ulifutwa urithi wa kifungua mimba katika nchi nzima. Mtu akifa bila wasia, baada ya mume au mke kupata haki yake, watoto wote hugawana sawasawa, wa kike na wa kiume. Tena sheria haikuwalazimisha kuukata udongo: mali yaweza kuuzwa na thamani yake ikagawanywa. Basi neno lilizikwa, lakini moyo wake ulienea Uingereza yote, tena ukamkumbuka binti aliyesahauliwa.

Wasomaji wa Kenya hawahitaji kufundishwa uchungu wa shamba lililokatwakatwa. Katika miaka ya 1950, kwa Mpango wa Swynnerton wa mwaka 1954, serikali iliwakusanyia wakulima vipande vyao vilivyotawanyika, kila mmoja apate shamba moja lenye hati. Ijapokuwa kazi hiyo ilifanywa wakati wa Hali ya Hatari, na waliokuwa kizuizini hawakuwapo kujitetea mipaka ilipopimwa. Lakini kuunganisha vipande mara moja hakumzuii mzazi kufa na kuacha wana sita. Sheria ya Urithi iliyoanza kutumika nchini mwaka 1981 yawaweka watoto wa kike na wa kiume sawa kwa jumla, mzazi akifa bila wasia. Nao Waislamu wana sheria ya dini yao, yenye mafungu yaliyokwisha kuwekwa. Sheria hutaja haki ya kila mmoja, lakini haiwezi kuongeza eka moja.

Ndiyo maana historia ya neno hili la zamani ina faida. Yatufundisha kwamba usawa wa ndugu na uzima wa shamba ni vitu viwili, na mzazi mwenye busara huvitafuta vyote akiwa hai: huwaita watoto wake wote, huandika wasia, husema nani atalima na nani atalipwa, na huhakikisha kwamba mlinzi wa yatima si yule anayeimezea mate mali ya yatima. Wahenga walisema: ndugu wakigombana, chukua jembe ukalime, wakipatana, chukua kapu ukavune. Lakini ndugu wanaogombania mpaka baada ya matanga mara nyingi hawapatani tena, na jembe huliwa na kutu huku kesi ikiahirishwa.