Hakuna Nafasi Ndogo Kikosini

Ndugu askari na polisi, imezuka miongoni mwetu desturi isiyopendeza ya kumdharau mpishi, karani wa ghala na mlinzi wa lango, kana kwamba wao ni askari nusu. Sisi twaipinga desturi hiyo, na ushahidi wetu leo twautoa katika maisha ya mchezaji wa sinema.

Harry Dean Stanton alizaliwa mwaka 1926 katika jimbo la Kentucky, Marekani. Wakati wa Vita Kuu ya Pili aliingia jeshi la wanamaji, akawa mpishi katika meli ya kuteremsha vifaru ufukweni. Mwaka 1945 meli yake ilikuwamo katika mapigano ya Okinawa, ambako marubani wa Kijapani walizitupa ndege zao makusudi juu ya meli za adui. Ndege ya namna hiyo haimwulizi mtu kama ameshika bunduki au mwiko.

Baada ya vita alijifunza uigizaji. Tangu miaka ya 1950, kwa muda wa miaka thelathini hivi, alipewa nafasi za pembeni: mfungwa, mnyang'anyi, fundi wa chombo cha anga. Majina makubwa katika matangazo yalikuwa ya wengine. Hata hivyo kila nafasi aliitimiza kana kwamba sinema nzima yamtegemea yeye.

Hatimaye mwaka 1984, akikaribia umri wa miaka 58, alionekana katika nafasi ya kwanza ya Paris, Texas, sinema ya Mjerumani Wim Wenders iliyotengenezwa nje ya makampuni makubwa ya Hollywood. Humo ni mtu atokaye jangwani baada ya kupotea miaka minne. Kwa muda mrefu hasemi neno, lakini uso wake wasema yote. Mwaka huo huo sinema hiyo ilitwaa tuzo kuu ya tamasha la Cannes. Umahiri ule haukuzaliwa siku moja, bali ulilimbikizwa katika nafasi zile ndogo.

Alifariki mwaka 2017, mwenye umri wa miaka 91. Katika Lucky, sinema iliyotoka mwaka huo, aliigiza mzee aliyepata kuwa mpishi wa wanamaji. Hakuuonea haya mwiko wake.

Wapo watakaosema kwamba sifa ni ya yule akabiliye risasi. Twakubali kuwa anastahili sifa. Lakini ni nani aliyemlisha usiku uliotangulia? Kwa hiyo twawashauri makamanda: siku ya gwaride la nishani, jina la mpishi hodari nalo lisomwe kwa sauti ile ile. Nawe uliyepangwa langoni, simama hapo kama kwamba kambi nzima yakutegemea wewe, maana ndivyo ilivyo.