Kabla ya Oscar

Ulizia habari za filamu katika njia panda ya Momella, hapa Usa River, utatajiwa Hatari! ya mwaka 1962. Utaambiwa jinsi John Wayne alivyokimbiza vifaru kwa gari, na jinsi mwenzake Hardy Krüger alivyoupenda upande huu wa Meru hata akanunua shamba hukohuko Momella. Wanaisimulia hata wasioiona.

Toleo hili tunalifungua kwa filamu ambayo haina wa kuisimulia. Mwaka 2009 Lupita Nyong'o, ambaye wakati huo hakuwa na jina nje ya Kenya, alitoa In My Genes, filamu ya hali halisi kuhusu Wakenya wanane wenye ualbino. Aliiandika, akaiongoza na kuitayarisha mwenyewe. Miaka mitano baadaye akabeba Oscar kwa kuigiza katika 12 Years a Slave. Gauni la samawati alilovaa usiku ule tunaweza kulieleza hadi mikunjo yake. Filamu yake je? Kule Kolkata, Aparna Sen, mwigizaji tangu Teen Kanya ya Satyajit Ray, alipoongoza 36 Chowringhee Lane mwaka 1981, alipewa nafasi yake miongoni mwa waongozaji. Sisi tunahesabu sura zilizo mbele ya kamera tu.

Na hasara ni yetu. Kumbuka miaka ile: Tanzania watu wenye ualbino walikuwa wakiuawa kwa ajili ya viungo vyao, na mwaka 2008 Rais Kikwete akamteua Al-Shaymaa Kwegyir, mwenye ualbino, kuwa mbunge. Kamera zilizomiminika zilifuata damu na waganga. Mwenye ualbino alionyeshwa ama maiti, ama mtoto aliyefichwa ndani ya uzio wa shule ya bweni. Nyong'o aliketi na walio hai, wakaeleza kwa vinywa vyao maana ya kuwa na ngozi nyeupe kati ya watu weusi.

Mtaniambia hiyo si tamthilia. Sawa, wala sisemi inazishinda kazi zake za uigizaji. Nasema itazamwe. Siku hizi mafuta ya kukinga jua yanatengenezwa hapo Moshi, katika hospitali ya KCMC, na kofia pana si jambo geni tena. Lakini Jumamosi, gulioni Tengeru, dada anayepanga mafungu ya nyanya chini ya kofia hiyo bado huitwa jina ambalo wazazi wake hawakumpa, na mnunuzi huona amemsalimia.