Watu wa Greenwood Hawakuchelewa

Tarehe 12 Juni 2024, Mahakama ya Juu ya jimbo la Oklahoma ilitupilia mbali shauri la fidia la wanawake wawili walionusurika kuchomwa kwa mtaa wa Greenwood mjini Tulsa mwaka 1921, Viola Fletcher aliyekuwa na miaka 110 na Lessie Benningfield Randle aliyekuwa na miaka 109. Majaji wanane walikubaliana, mmoja akapinga. Mdai wa tatu, Hughes Van Ellis, mdogo wake Viola, alikuwa amefariki Oktoba 2023 akiwa na miaka 102, shauri likiwa bado mezani. Majaji walikiri kwamba malalamiko yao ni ya haki. Wakaongeza kwamba sheria ya jimbo kuhusu kero kwa umma haifiki huko, na kwamba mwenye dawa ya jambo hili ni bunge. Nasema tangu mwanzo kwamba uamuzi huo ni mbaya. Ubaya wake wenyewe haukuzaliwa siku ile. Ni hatua ya karibuni katika danadana ya miaka zaidi ya 100, ambamo kila mlango uliogongwa umemwelekeza mgongaji kwenye mlango mwingine.

Kisa chenyewe kinajulikana, ingawa kwa muda mrefu kilifichwa hata kwa wakazi wa mji huohuo. Mwishoni mwa Mei 1921, katika mji wa mafuta wa Tulsa, kijana Mweusi mpiga viatu rangi aliyeitwa Dick Rowland alikamatwa kwa tuhuma ya kumshambulia msichana wa Kizungu, Sarah Page, mwendesha lifti katika jengo la Drexel. Gazeti la Tulsa Tribune likaichochea habari hiyo jioni ya Mei 31, na umati wa Wazungu ukaizingira mahakama. Wanaume Weusi, baadhi yao askari waliorudi kutoka Vita Kuu ya Kwanza ya Dunia, wakaenda na silaha kujitolea kumlinda asinyongwe na umati. Risasi ikalia. Kulipokucha tarehe 1 Juni, Wazungu walivuka reli kuingia Greenwood, mtaa wa Weusi uliokuwa na hoteli, sinema, maduka, makanisa, magazeti na ofisi za madaktari, wakapora kwanza, kisha wakachoma. Vitalu vya majengo vipatavyo 35 viliteketea, na Shirika la Msalaba Mwekundu likahesabu nyumba 1,256 zilizoungua. Hesabu rasmi ya waliokufa ni 36. Watafiti wa baadaye wanaamini huenda walifika 300. Mashtaka dhidi ya Rowland yalifutwa, kwa sababu Sarah Page hakutaka kuendelea na kesi.

Kuna jambo moja ambalo msomaji hapaswi kuliacha lipite: hapakuwa na umati huku na serikali kule. Polisi wa mji waliwaapisha mamia ya Wazungu kuwa askari wa dharura usiku uleule, wakawapa wengine silaha, na baadhi ya hao walioapishwa wakawa miongoni mwa waliochoma nyumba. Maelfu ya wakazi Weusi walikusanywa na kufungiwa katika ukumbi wa mikutano, uwanja wa besiboli na viwanja vya maonyesho, na ili mtu atoke ilimlazimu Mzungu, kwa kawaida mwajiri wake, aje kumdhamini. Baadaye wakapewa kadi za kutembea nazo. Huku wenye nyumba wakiwa kizuizini, nyumba zao zilibaki bila wa kuzitetea. Kwa hiyo tukisema mji wa Tulsa unadaiwa, hatusemi kwa mafumbo.

Wapo wanaoutetea uamuzi wa 2024 kwa hoja ya kisheria. Wanakumbusha kwamba mwaka 2021 mahakama hiyohiyo iliifuta hukumu ya dola milioni 465 dhidi ya kampuni ya Johnson & Johnson katika kesi ya dawa za maumivu zenye kulevya, ikisema sheria ya kero kwa umma isivutwe kama mpira. Sawa, msimamo haukubadilika. Wengine wanauliza kwa nini mlipa kodi wa leo, ambaye babu yake huenda hakuwahi kukanyaga Oklahoma, abebe mzigo wa watu waliokwisha kuzikwa. Jibu lake ni kwamba mji si mtu. Mji wa Tulsa unamiliki leo ardhi na majengo uliyoyapata kabla ya baba zetu kuzaliwa, na hulipa madeni yaliyosainiwa na mameya ambao hakuna anayewakumbuka. Mrithi wa mali ni mrithi wa deni pia.

Hoja iliyobaki ndiyo inayopewa nguvu kuliko zote, na ndiyo iliyonisukuma kuandika: kwamba muda umepita. Mwaka 2003 mawakili wakiongozwa na Charles Ogletree wa Chuo Kikuu cha Harvard walifungua shauri kwa niaba ya manusura na wazao wao. Mwaka 2004 jaji wa mahakama ya shirikisho mjini Tulsa alilifuta kwa sababu ya ukomo wa muda, kwani sheria ilitoa miaka miwili tu. Rufaa ikashindwa, na mwaka 2005 Mahakama ya Juu ya Marekani ikakataa kulisikiliza. Januari 2025 Wizara ya Sheria ya Marekani ikatoa ripoti ndefu iliyokiri uhalifu huo kwa kina, kisha ikasema hakuna wa kumshtaki, maana wahusika wamekufa na muda wa mashtaka umekwisha zamani. Wimbo ni uleule: mngekuja mapema.

Lakini walikuja mapema. Hapa ndipo uvumilivu wangu unapokwisha, kwa sababu hili si suala la falsafa ya sheria, ni suala la kumbukumbu zilizopo kwenye makabati ya mji. Watu wa Greenwood hawakusubiri miaka 80. Hawakusubiri hata mwezi. Ipo picha ya Juni 1921 ya wakili B. C. Franklin akiwa na mwenzake I. H. Spears na katibu wao Effie Thompson, wameketi mezani ndani ya hema. Hema lile ndilo lilikuwa ofisi yao, maana ofisi ya Franklin ilikuwa majivu. Tarehe 7 Juni, siku sita tu baada ya moto, viongozi wa mji walipitisha kanuni ya kuzuia moto iliyotaka majengo mapya ya eneo kubwa lililoungua yajengwe kwa vifaa visivyoshika moto na yawe na angalau ghorofa mbili. Familia iliyolala kwenye turubai la Msalaba Mwekundu ingepata wapi matofali ya ghorofa mbili? Franklin na wenzake waliipinga kanuni hiyo mahakamani, wakashinda kabla mwaka haujaisha. Je, hao ni watu waliolala juu ya haki zao?

Fidia nayo waliidai. Wakazi waliwasilisha kwa mji madai yaliyozidi dola milioni 1.8 za wakati ule, na baraza la mji likayakataa. Lilikubali dai moja tu, la Mzungu mwenye duka aliyeporwa bunduki usiku wa Mei 31. Msomaji na alipime hilo kwa utulivu. Silaha zilizochukuliwa dukani zilikuwa na thamani ya kulipwa. Mashine ya kushonea, piano, kitanda cha mtoto na nyumba nzima ya Mweusi havikuwa nayo. Wenye bima walikwenda kwenye kampuni zao na kuoneshwa kifungu kinachoondoa hasara zitokanazo na ghasia. William Redfearn, Mzungu aliyekuwa na sinema na hoteli katika Greenwood, aliipeleka kampuni yake mahakamani hadi ngazi ya juu ya jimbo, na mwaka 1926 akashindwa kwa kifungu hichohicho. Neno “ghasia”, ambalo mji ulilitumia kwa miongo mingi, lilikuwa na bei yake. Huo ndio mwaka ambao Mahakama ya Juu ya Oklahoma ilipata nafasi yake ya kwanza. Mwaka 2024 ilipata nyingine.

Kwa upande wa jinai, baraza la mashtaka lililoketi Juni 1921 liliwabebesha Weusi lawama, na miongoni mwa walioshtakiwa walikuwa J. B. Stradford, mwenye hoteli, na A. J. Smitherman, mhariri wa gazeti la Tulsa Star. Wote wawili walikimbia jimbo. Mashtaka ya Stradford yalifutwa mwaka 1996, miaka mingi baada ya kifo chake. Sasa fikiria mjane aliyebaki Tulsa, akiwaona wasomi na matajiri wa mtaa wake wamegeuzwa wakimbizi wa sheria. Nani angemshauri afungue kesi ya pili? Hata jaji wa 2004 alikubali kwamba mazingira ya miaka ile hayakuwapa watu hawa nafasi ya kweli ya kudai haki. Akasema tu kwamba kizuizi hicho kilikuwa kimeondoka kufikia miaka ya 1960. Lakini ushahidi nao ulikuwa umeguswa. Gazeti la Tribune la Mei 31 lilipohifadhiwa kwenye filamu, habari ya ukurasa wa mbele na sehemu ya ukurasa wa tahariri vilikuwa tayari vimechanwa. Mdaiwa hawezi kuufunga mlango, akamtishia anayebisha hodi, kisha akamlaumu kwa kukaa nje muda mrefu.

Wala si kweli kwamba serikali haziwezi kulipa deni la zamani. Florida, jimbo la kusini lenye historia yake chungu, lilitenga dola milioni 2.1 mwaka 1994 kwa ajili ya Rosewood, kijiji cha Weusi kilichochomwa Januari 1923, na manusura wakapata dola 150,000 kila mmoja. Sheria ya 1988 iliwapa Wamarekani wenye asili ya Japani waliowekwa kambini dola 20,000 kila mtu. Wasomaji wa Kenya wanaikumbuka Oktoba 2012, pale jaji wa London alipokataa kisingizio cha muda katika kesi ya wazee wa Mau Mau, kwa kuwa nyaraka zilikuwapo za kutosha kuamua kesi kwa haki. Mwaka uliofuata Uingereza ikakubali kulipa pauni milioni 19.9 kwa wadai 5,228. Kesi nyingine ya Wakenya wapatao 40,000 ilishindwa mwaka 2018, na muda ulikuwa miongoni mwa sababu. Kwa hiyo mlango huo si mpana popote. Lakini huko Florida na kwenye sheria ya 1988, bunge ndilo lililoufungua.

Na bunge la Oklahoma halikosi taarifa. Tume iliyoundwa mwaka 1997 ilikabidhi ripoti yake Februari 2001, ikapendekeza manusura walipwe fidia ya moja kwa moja. Wakati huo walikuwa hai zaidi ya 100. Walipewa medali zenye nembo ya jimbo. Juni 2025 meya Monroe Nichols, Mweusi wa kwanza kuuongoza mji huo, alitangaza mpango wa kuchangisha dola milioni 105 kutoka vyanzo binafsi kwa ajili ya makazi, uhifadhi na masomo. Namheshimu kwa hilo, lakini mpango wenyewe haukuwa na malipo ya moja kwa moja kwa manusura wawili waliokuwa wamebaki. Viola Fletcher alifariki tarehe 24 Novemba mwaka huohuo, akiwa na miaka 111. Mahakama ilisema dawa iko bungeni. Bunge la Oklahoma hufungua kikao chake kila Februari, na mswada wa kuwalipa wazao wa waliochomewa nyumba hauhitaji ruhusa ya jaji yeyote.